Ng'ombe Sitini za Abuya Huqa

Bulla Pesa,
Nyuma ya kinu cha posho,
Isiolo.
Jumapili, 12 Oktoba 2025

Mpendwa Gumato,

Assalaam aleikum. Anayekuandikia ni abuya wako Huqa, ndugu ya mama yako, yule ambaye soko la mifugo hapa Isiolo halichangamki mpaka fimbo yake ionekane langoni, na ambaye Alhamisi iliyopita alipoingia mahakamani watu wote walisimama, mawakili wakiwamo. Sisemi hayo kwa kujisifu. Nasema ili ukiipata barua hii huko Sharjah ujue imetoka kwa mtu mwenye uzito, usiikunje ukaiweka chini ya godoro.

U hali gani, mtoto wa dada yangu? Mwili uko sawa? Joto la huko limekupunguza ama umelizoea? Maziwa unapata ya ukweli, ama ni yale ya unga ambayo hayajawahi kuonana na ng'ombe? Sisi hapa tu wazima, tumshukuru Mungu. Mama yako Habibo magoti yanamsumbua lakini mdomo haujapata ugonjwa wowote. Mimi nina afya ya fahali, isipokuwa presha kidogo, na presha yenyewe imeletwa na benki.

Mvua bado. Mawingu yanatokea upande wa Nyambene, yanatuangalia, halafu yanarudi kunyesha Meru. Mahindi ya posho yamepanda bei. Jirani yetu amenunua mbuzi anayekula nguo kwenye kamba.

Sasa salamu zimetosha. Wacha nigombane na wewe.

Namba yako haiingii tangu mwezi wa tano. Nimepiga mpaka yule mwanamke wa kusema mteja hapatikani tumezoeana, nusura nimuulize watoto wake wako aje. Mama yako anasema ulibadilisha laini kwa sababu watu wa benki walikuwa wanakupigia asubuhi na jioni. Haya. Ulipozima simu yako, ulifikiri watanyamaza? Waliteremka tu kwenye karatasi yao, na jina la pili lilikuwa langu.

Kuna msichana wao mmoja wa simu. Kila siku anajitambulisha upya kama hatujawahi kuongea. "Mzee Huqa, simu hii inarekodiwa." Nikamwambia arekodi vizuri, awapelekee wakubwa wake wafaidike. Nikamwambia anaongea na mtu ambaye amewahi kufunga bei ya ngamia aliye Moyale nikiwa nimelala kitandani hapa Bulla Pesa, ngamia mwenyewe akiwa hajaamka. Nikamwambia habari ya fisi wawili niliowatenganisha kwa mkono. Akaniacha nimalize. Halafu akasema, "Sawa mzee. Unalipa lini?"

Hawa watu hawana utu wa mazungumzo, Gumato. Unawapa hadithi, wanakudai tarehe.

Nikukumbushe mambo yalivyoanza, maana naona umeamua kusahau. Mwaka wa 2020 uliitwa chuo, diploma ya maabara. Baba yako alikuwa ameshatangulia, Mungu amrehemu. Pesa za kaunti zilikuwa za karo ya muhula mmoja na nauli ya kwenda kuuliza kwa nini hakuna muhula wa pili. Ndipo benki ikasema iko na mkopo wa masomo, lakini inataka mdhamini mwenye mali. Mama yako alitaka kumuendea mtu mwingine. Nani alivaa koti jeusi siku hiyo? Ni mimi. Nani aliketi mbele ya yule afisa na kukunja mguu? Ni mimi. Akaniuliza mali, nikamwambia ng'ombe, Biliqo. Akauliza ngapi. Nikasema sitini. Akaniangalia. Nikamwambia aandike hizo hizo sitini, kwa sababu sipendi kujionyesha.

Tukatia sahihi, mimi na wewe. Tukala nyama ya mbuzi. Ulicheka siku hiyo mpaka ukamwaga chai.

Sasa nikuambie ukweli wa mambo. Mimi deni ninayoijua ni deni ya mahari. Unatoa ng'ombe kadhaa, mnakunywa chai, unasema zingine ziko njiani, mwaka unaisha, watoto wanazaliwa, na siku ukipeleka ndama mmoja mnakumbatiana kama mmelipa yote. Mahari ya nyanya yako haijaisha mpaka leo na hakuna aliyempeleka babu yako kortini. Deni ndiyo kamba inayowafunga watu pamoja. Ukimaliza yote siku moja, wakwe watafikiri umewakasirikia.

Nilidhani na mkopo wa masomo ni hivyo. Mtoto amesoma, taifa limefaidika, pole pole tutaleta. Lakini benki haina shemeji. Benki ukichelewa mwezi mmoja inaongeza kitu juu, ukichelewa wa pili inaongeza juu ya kile kilichoongezwa, mpaka deni inazaa kama panya wa ghala. Ng'ombe akizaa ukame unaweza kumuua ndama. Hii ya benki ukame unainenepesha.

Najua ulitafuta kazi. Miaka miwili nilikuona ukibeba ile bahasha ya khaki kila ofisi, kila tangazo linataka mwenye uzoefu wa miaka mitatu, kana kwamba mtoto anazaliwa na uzoefu. Halafu wakala akakupeleka huko. Mama yako anawaambia watu unafanya kazi hospitali. Mimi niliambiwa na Khadra wa duka la shuka, ambaye huja huko kununua bidhaa, kuwa unapanga sabuni kwenye ghala. Sikumwambia mtu. Wala sikukasirika na wewe. Nilitoka nje nikaupiga teke mtungi wa maji uliokuwa hauna kosa, na kidole bado kinaniuma.

Lakini kunyamaza, Gumato! Hapo nimekasirika. Mtu anapanga sabuni, sawa. Mtu ananyamazaje?

Sikiliza yaliyotupata. Jumanne tarehe ishirini na tatu mwezi uliopita, gari jeupe la kubeba mizigo lilisimama hapa nje. Akashuka mwanaume mmoja wa makamo, mpole, kofia mkononi, akasema anaitwa Kubai na ni dalali wa mahakama. Nikamwambia karibu, hata mimi ni dalali. Akasema la, mzee, wewe unauza mali ya mtu anayetaka kuuza. Akanionyesha karatasi. Kumbe benki ilitushtaki mwaka jana, mimi na wewe, na hukumu ilishatolewa bila sisi kuwapo, na sasa ametumwa kuandika mali ya mdhamini ili ipigwe mnada.

Akaingia ndani. Akaangalia vitanda viwili, redio, na viti ambavyo kimoja hukaliwa na mtu anayejua siri yake. Akatoka. "Mzee, hapa hakuna kitu. Lakini fomu inasema uko na ng'ombe sitini Biliqo."

Ningesema nini? Mama yako alikuwa mlangoni. Wapangaji wote walikuwa wametoka na bakuli zao za chai. Nikasema, "Ziko."

Wakanibeba. Walinipa kiti cha mbele, nadhani waliona nywele hizi nyeupe. Njia yote hadi Merti, na kutoka Merti vumbi tupu mpaka Biliqo, nilimsimulia Kubai mambo yangu ili akili yake isikae kwenye hesabu. Nilimpa ukame wa zamani, nilimpa ile ya simba aliyenipisha njia. Alisikiliza vizuri kuliko yule msichana wa simu. Hata maji yake alinigawia. Nikaanza kuona huenda tutaelewana.

Tukafika jioni, ng'ombe zikiingia zizini. Unamjua Ganya, binamu yangu anayenichungia, mtu ambaye Mungu alimnyima heshima ya uongo. Kubai akahesabu mara moja. Akahesabu tena akianzia upande ule mwingine.

"Mzee, naona kumi na tisa."

"Ukame," nikasema.

"Ukame ulikula arobaini na moja?"

Ganya akadakia hapo hapo, bila kuulizwa na mtu, "Huyu? Sitini? Huyu hata ukihesabu na kupe wake hafiki sitini!"

Vijana wa Kubai wakacheka. Kubai hakucheka, akafungua faili na kuanza kuandika. Zote kumi na tisa. Nilimwambia pole pole kwamba si zote ni zangu. Akaniuliza, "Alama iliyo juu ya hii ni ya nani?" Nikasema ni yetu. "Na hii?" Yetu. "Na ile?" Yetu. Akasema, "Alama moja, mwenyewe mmoja," akaendelea kuandika.

Hapo ndipo nilitamani kupasuka. Utamwelezaje mtu wa karatasi kwamba alama ya chuma ni ya ukoo mzima, na kwamba ng'ombe zikilala zizi moja haimaanishi ziko na mwenyewe mmoja? Wewe unajua, lakini acha niseme tena ili uelewe nilichosimama nacho.

Kumi na moja ni za Wato, mjane wa rafiki yangu. Ni dabare, ng'ombe za kuazima: yeye alizileta kwangu baada ya ukame ili mimi nikamue, ndama zikizaliwa ni zake. Unajua dabare hupewa nani, si mwenye zizi lililojaa. Sina haja ya kuandika.

Tano ni zako. Ni ukoo wa ile ndama nyekundu baba yako aliyokupa siku ulipokatwa kitovu, handhura yako. Ile yenyewe ilikufa zamani, binti yake akafa na ukame, lakini mjukuu wake Dimtu alibaki, mifupa na macho tu, Ganya akamlisha kwa mkono maganda ya mgunga mpaka akasimama. Leo ako na watoto wanne. Watu wa Biliqo wakimuona wanasema, hiyo ni ya Gumato, hata kama wewe hawajakuona miaka sita.

Kumi na moja, na tano. Hesabu mwenyewe zangu ni ngapi. Na moja ina jicho moja.

Wato, anayekaa hapo hapo na tunagawana maziwa, alikuwa anakamua. Hakuinuka haraka. Akamaliza titi la mwisho, akashika kibuyu chake cha maziwa, akaja mpaka kwa Kubai. "Unaandika ng'ombe tu, ama unaandika na watoto wangu wanaokunywa maziwa yao?" Kubai akasema, "Mama, mimi nimetumwa. Mzee yuko na siku saba kabla ya mnada. Kama iko yako hapa, nenda mahakamani ukaape." Wato akanigeukia. Nilingoja matusi, nilistahili matusi. Akaniambia tu, "Sitini, Huqa?"

Tangu siku hiyo, sokoni ndiyo jina langu. Sitini. "Sitini, njoo utuamulie bei." "Sitini, wewe umekunywa chai, ama uandikishe tu kuwa umekunywa?" Miaka ishirini na mitano nimejenga jina sokoni, limebomolewa na tarakimu mbili.

Aliyetuonyesha njia ni Natabo, binti ya mzee Emuria, wale Waturkana wa Kiwanjani. Anasaidia watu na mambo ya korti bila malipo. Baba yake na baba yangu walinyang'anyana ngamia mpaka wakazeeka, na leo binti yake ananipigania ng'ombe. Mdomo wake mkali. Nilipoanza kumweleza mimi ni nani, akasema, "Mzee, hiyo utaniambia siku ingine. Leo niambie ng'ombe ni za nani." Akaandika mistari mitatu tu. Maisha yangu yote, mistari mitatu.

Akatueleza hivi. Wato akiapa kwamba kumi na moja ni zake, na apate shahidi, zitaachiliwa. Zangu haziwezi kuokoka, mimi ndiye mdhamini. Lakini zako ndizo zilinisumbua. Nikisema ni zangu, zinachukuliwa, kwa sababu mimi mdhamini. Nikisema ni zako, zinachukuliwa, kwa sababu wewe ndiye mkopaji mwenyewe. Ng'ombe wana milango miwili na yote imesimamiwa na benki.

Tulipotoka kwa Natabo, Wato akanivuta kando. Akasema nitaje zote kumi na sita kuwa zake, naye ataapa. Hata hakunung'unika. Mwanamke niliyemtia kwenye faili ya dalali alikuwa tayari kubeba dhambi ili Dimtu asiuzwe.

Gumato, siku mbili sikula vizuri. Mimi maneno naongeza chumvi, hilo halijifichi. Lakini kwenye Msahafu sijawahi kuweka mkono nikaongeza. Na tena kuna hili: sisi hatuna karatasi ya ng'ombe. Karatasi yetu ni neno lililosemwa mbele ya watu. Nikisimama mbele ya watu wote wa Isiolo niseme Dimtu ni wa Wato, basi ni wa Wato. Kesho Wato akifariki, watoto wake watasema, tulisikia Huqa mwenyewe. Handhura yako ingekuwa imeokoka benki na kupotea kwako. Nikamwambia Wato hapana.

Basi Alhamisi tukaenda. Nilivaa lile koti jeusi. Kuhusu watu kusimama nilipoingia, ni kweli walisimama. Hakimu naye alikuwa anaingia wakati huo huo kwa mlango wake.

Wakili wa benki alikuwa kijana mwembamba mwenye viatu vya kumeta. Akasema mdhamini alitumiwa barua nane kwa sanduku lake la posta na hakujibu hata moja. Hakimu, mama mmoja mwenye sauti ya chini, akaniuliza kama ni kweli zilifika. Hapo nikaona nafasi ya kuonyesha mimi ni mtu wa mpango. Nikatia mkono mfukoni, nikazitoa zote nane, nimezifunga na mpira. "Mheshimiwa, zilifika zote. Niko nazo."

Zote zilikuwa zimefungwa, gundi haijaguswa.

Mahakama ilicheka, Gumato. Hata askari. Natabo alifumba macho. Sokoni hizo bahasha nilikuwa nazibeba kwenye mfuko wa shati, kile kidirisha chake kikitazama nje, watu waone jina langu limechapwa na mashine. Nilikuwa nawaambia benki inanisihi nihamishie pesa zangu kwao. Sasa hao hao watu walikuwa wameketi benchi la nyuma.

"Kwa nini hukufungua?" Hakimu akauliza.

"Mheshimiwa, mtu mzima hakimbilii barua ya mwenye haraka."

"Fungua moja."

Nikasema miwani nimeacha nyumbani. Akamwambia karani aichukue ile ya chini kabisa, aisome kwa Kiswahili. Ilikuwa ya mwezi wa tatu mwaka jana. Mimi niliyejiandaa kwa matusi nikasikia, "Mpendwa Bwana Huqa." Ilikuwa na adabu. Ilisema tumeona mkopaji amepata shida, tafadhali njoo ofisini tupange malipo madogo madogo kabla jambo hili halijakuwa la mahakama. Karani alisoma mpaka mwisho. Hakuna aliyecheka tena. Afadhali wangecheka.

Barua ile imetembea nami miezi kumi na tisa. Imeenda sokoni, imeenda harusini, imeenda msikitini.

Halafu nikaapa. Nikasema kumi na moja ni za Wato, na Ganya akashuhudia. Nikasema tano ni handhura ya Gumato, ng'ombe za kitovu, tangu siku aliyozaliwa. Hakimu akauliza, "Na zako?" Benchi la nyuma lote likaninyooshea shingo. Nikasema tatu. Akasema niseme kwa sauti, iandikwe. Nikasema, "Tatu, Mheshimiwa."

Hakimu ameamua hivi, na hapa usome pole pole. Za Wato zimeachiliwa. Mnada umesimamishwa mpaka Ijumaa tarehe kumi na nne Novemba. Mimi nilipe kitu cha kwanza kuonyesha nia. Wewe uandike na kutia sahihi kwamba utakuwa unalipa kila mwezi kiasi unachoweza, benki ikubali, iwekwe kwenye faili. Kama tarehe hiyo itafika na hakuna sahihi yako, Kubai atarudi Biliqo, na safari hii hataleta kalamu. Ataleta lori.

Kitu cha kwanza nimelipa. Zangu mbili nimeziuza. Usiulize bei. Ile ya jicho moja haikupata mnunuzi, iko na Dimtu.

Ndani ya bahasha hii utapata karatasi ya Natabo. Iko kwa Kiswahili, nimeisoma mwenyewe mara mbili, haina mtego. Weka kiasi, hata kikiwa kidogo kama kwato ya mbuzi. Usiweke kikubwa ili kuwafurahisha. Tafadhali sana, Gumato, usiandike sitini. Weka kile ambacho sabuni inaweza. Tia sahihi, ipige picha, itume kwa namba ya Natabo iliyo mgongoni mwa karatasi. Khadra anasafiri kesho kutwa na ameahidi kukupa mkononi mwako. Atakaa huko wiki moja, ukishindwa na picha mpe karatasi yenyewe arudi nayo.

Na uwashe simu. Wakikupigia, shika. Nimejaribu njia ile nyingine ya kutofungua, kwa miezi kumi na tisa, na nimekueleza ilipotufikisha.

Mama yako anakusalimu na kusema ule. Hajui kuhusu ghala, mwambie mwenyewe, ataumia siku moja halafu ataanza kukutafutia mume muuza sabuni. Ganya anakusalimu, anasema Dimtu ana mimba, na huyo usimpinge, mambo ya ng'ombe hakosei. Wato anakusalimu, amesema ukirudi umletee marashi, na zile ng'ombe zake ameniachia niendelee kukamua. Natabo hajatuma salamu, ametuma tarehe. Nisalimie wasichana unaoishi nao, waambie abuya wako ni mtu mkubwa, wasikuchezee.

Amani ikutangulie, amani ikufuate. Mungu akupe mvua yako hata huko kwenye mchanga, maziwa yasikukaukie, na mlango wa nyumbani usikusahau.

Wako akupendaye hata akikugombeza,

Abuya Huqa

Tanbihi: Ukurasa umebaki na nafasi. Siku ile benki, kabla ya kutia sahihi, uliniuliza, "Abuya, nikusomee?" kwa sababu karatasi zilikuwa za Kiingereza. Nikakuambia mimi nitasoma mwenyewe, nikazisoma zote mbele yako na ya yule afisa, nikasema ziko sawa. Gumato, miwani sina, sijawahi kuwa nayo. Na sikusoma. Nilikuwa nahesabu moyoni mpaka ishirini, halafu nafunua ukurasa. Ule wa mwisho, ambao nilitikisa kichwa nikasema hapa wameandika vizuri, nilihesabu mpaka thelathini.